Shemeji wa Mchana

Miaka mitatu iliyopita nilipata kazi ndogo ya kutafsiri maandishi ya chini ya skrini kwenye tamthilia moja ya Kihindi. Kampuni sitaitaja, ilinilipa miezi minne baadaye, lakini hiyo ni hadithi ya siku nyingine. Kihindi sikijui. Nilikuwa napewa maandishi ya Kiingereza nayageuza kuwa Kiswahili, huku sauti za waigizaji zikiendelea masikioni kama redio ya jirani. Katika sehemu ya pili, kijana anaingia jikoni, anamkuta mke wa kaka yake akikoroga mchuzi, anamwita. Kiingereza kilikuwa kimeandika kitu ambacho ukikitafsiri neno kwa neno kinakuwa "dada kwa mujibu wa sheria". Sasa nani huingia jikoni akamwita mtu hivyo? Masikio yangu yalikuwa yamesikia neno jingine: bhabhi. Nikaandika "shemeji", na sentensi nzima ikakaa sawa.

Jioni hiyo, nikiwa kwenye matatu narudi nyumbani, nikaliandika neno bhabhi kwenye intaneti nihakikishe maana yake kabla sijatuma kazi. Wacha niseme tu kwamba sikuwa nimejiandaa. Kamusi ilikuwa huko chini. Juu yake zilijaa video, hadithi na katuni za watu wazima, ukurasa baada ya ukurasa, zote zikimtaja shemeji. Nikazima simu haraka maana abiria wa kando yangu alishaanza kuchungulia.

Lakini swali lilikataa kuzimika. Inakuwaje neno la heshima, neno ambalo mtoto wa miaka mitano anamwitia mke wa kaka yake, linageuka kuwa jina la rafu nzima ya burudani ya watu wazima katika nchi yenye watu zaidi ya bilioni moja? Nimekuwa nikisoma juu ya jambo hili tangu siku hiyo. Nilidhani nitakuta historia ya teknolojia: intaneti ilifika, bando zikashuka bei, watu wakatazama. Hiyo imo. Ila nilichokuta zaidi ni historia ya lugha, na ya nani ana ruhusa ya kusema nini kwa lugha ya nyumbani.

Tuanzie nyumbani basi. Katika familia nyingi za Kaskazini mwa India, mwanamke akiolewa huhamia kwa kina mume. Mbele ya baba mkwe na kaka wakubwa wa mume, desturi ya zamani ilimtaka ajifunike uso na apunguze maneno. Mwanamume mmoja alibaki ambaye angeweza kucheka naye: mdogo wa mume, ambaye kwa Kihindi huitwa devar. Hao wawili wana utani, na msomaji wa Kiswahili hahitaji kuelezwa sana utani wa mashemeji ni nini. Siku ya sikukuu ya Holi wanamwagiana rangi na kurushiana maneno mbele ya watu wazima, na hakuna anayekasirika.

Kwa Kibengali mke wa kaka ni boudi, naye humwita mdogo wa mumewe thakurpo. Mwaka 1901 Rabindranath Tagore aliandika hadithi iitwayo Nastanirh, kuhusu mke mpweke, mume aliyezama kwenye gazeti lake, na binamu mdogo wa mume anayefika nyumbani na kumletea mazungumzo. Satyajit Ray aliigeuza kuwa filamu, Charulata, mwaka 1964. Hakuna anayevua nguo kwenye filamu hiyo. Kuna mchana mrefu tu, nyumba kubwa, na mwanamke anayechungulia barabara kupitia madirisha. Kwa hiyo wafanyabiashara wa baadaye hawakumbuni shemeji. Walimkuta tayari, amekaa kwenye fikra za watu, kwenye fasihi ya heshima na kwenye utani wa uani.

Kabla ya wafanyabiashara wa kidijitali walikuwepo wa karatasi. Katika karne ya 19 mtaa wa Battala, Calcutta, ulikuwa na mitambo ya kuchapa vitabu vya bei ya chini kwa Kibengali: kalenda za nyota, visa vya miungu, udaku wa mjini, na hadithi za mapenzi ambazo wamisionari hawakuzipenda hata kidogo. Mmoja wao, James Long, aliorodhesha vitabu vya Kibengali katika miaka ya 1850 na kulalamikia vile alivyoviona vichafu. Mwaka 1856 serikali ya kikoloni ikapitisha sheria dhidi ya vitabu na picha chafu. Sheria hiyo iliacha mwanya mmoja: michongo na picha za mahekaluni hazikuguswa. Yaani mawe ya kale yaliruhusiwa kusema kile ambacho karatasi ya bei rahisi ilikatazwa.

Sheria hiyo ikaingia kwenye Kanuni ya Adhabu ya India ya 1860, kifungu cha 292. Tusidhani hayo ni mambo ya ng'ambo tu. Kanuni hiyohiyo ya India ndiyo Waingereza waliyoitumia huku kwetu mpaka Kenya ilipopata Kanuni yake ya Adhabu mwaka 1930, na kifungu chetu cha 181 kuhusu machapisho machafu ni cha ukoo huohuo.

Kipimo cha uchafu kilitoka London mwaka 1868, katika kesi ya Hicklin. Jaji aliuliza kama maandishi yanaweza kuharibu watu ambao akili zao ziko wazi kwa uharibifu, na ambao yanaweza kuangukia mikononi mwao. Hapo kwenye "mikononi mwao" ndipo nataka tusimame. Katika nchi kama India, lugha ndiyo inayoamua kitabu kitaangukia mikono ya nani. Kitabu cha Kiingereza kitaangukia mikono ya wakili. Cha Kibengali au Kihindi kitaangukia mikono ya karani, fundi, mwanafunzi, na la kutisha zaidi kwa waungwana wa enzi hizo, mke wa nyumbani. Kiingereza hakikuwa kinga kamili: mwaka 1964 Mahakama ya Juu ya India ilitumia kipimo hicho cha Hicklin kuthibitisha hatia katika kesi ya kuuza riwaya ya D. H. Lawrence, Lady Chatterley's Lover, huko Bombay. Mahakama hiyo iliachana na Hicklin mwaka 2014 tu. Lakini hofu ya lugha ya nyumbani ilikuwa ya kina zaidi, na haikuwa ya Waingereza peke yao.

Mwanahistoria Charu Gupta, katika kitabu chake cha 2001 kuhusu ngono na uchafu katika India ya kikoloni, anaonyesha jinsi wasomi wa Kihindi wenyewe walivyotaka kuisafisha lugha yao. Walitaka Kihindi cha taifa, kisicho na matope. Na mojawapo ya vitu walivyovishambulia ni nyimbo za wanawake. Katika harusi na wakati wa Holi wanawake walikuwa na nyimbo za matusi ya utani, zinazoitwa gali, ambazo walizitumia kuwachamba wakwe, mashemeji na hata bwana harusi. Aliyewahi kusimama nje ya chumba cha wanawake wakipiga vugo kwenye harusi ya Mombasa anajua aina ya nyimbo ninazozungumzia, na anajua kwa nini wanaume hufukuzwa. Wanamageuzi walisema nyimbo hizo zinaaibisha familia na taifa. Hazikuisha, ila zilisukumwa pembeni. Wakati huohuo, asema Gupta, vitabu vya Kihindi vya mafunzo ya ngono vilivyoandikwa na wanaume kwa ajili ya wanaume viliuzwa vizuri tu.

Mimi nasoma historia yote inayofuata kupitia tukio hilo. Wanawake walikuwa na maneno yao kuhusu mwili, kwa lugha yao wenyewe. Walinyamazishwa kwa jina la heshima. Kisha maneno yakarudi sokoni, yamevaa sauti ya mwanamke, lakini anayeyaandika na kuyauza ni mwanamume.

*

Kufikia miaka ya 1970 soko lilikuwa na matabaka mawili. Msomaji wa Kiingereza mjini Bombay alikuwa na Debonair, jarida la wanaume lenye karatasi ya kung'aa, picha za wanawake, na mahojiano ya wanasiasa na washairi ili mtu apate kisingizio. Msomaji wa Kihindi katika miji midogo ya Kaskazini, miaka ya 1980 na 1990, alikuwa na Mastram.

Mastram lilikuwa jina la bandia. Vitabu vyake vilikuwa vidogo, karatasi ya manjano ya hafifu, vikiuzwa kwenye vibanda vya stesheni za treni na mabasi, mara nyingi vikiwa vimefichwa chini ya vitabu vingine. Huenda jina hilo lilitumiwa na waandishi wengi. Mwaka 2014 Akhilesh Jaiswal alitengeneza filamu ya kubuni kumhusu, na mwaka 2020 ukafuata mfululizo wa mtandaoni. Wahusika wa Mastram hawakuwa mabibi wa Ulaya. Walikuwa bhabhi, mpangaji, mwalimu wa jirani, mke wa mwenye duka. Anwani ya mapenzi ilihama kutoka hoteli za Bombay kuja mtaani kwako, nyumba ya tatu kushoto.

Huko Kusini mwendo ulikuwa wa sinema. Kerala ilikuwa na filamu za Kimalayalam zilizozungumzia tamaa kwa uzito wa kisanii, kama Rathinirvedam na Avalude Ravukal, zote za 1978. Filamu za bei ya chini zikafuata njia iliyofunguliwa. Zilionyeshwa saa za mchana, kwenye kumbi za miji midogo, watazamaji wakiwa wanaume watupu. Bodi ya ukaguzi ilipitisha filamu moja, lakini ukumbini watu waliona nyingine, kwa sababu mwendesha mtambo aliweza kupachika katikati vipande ambavyo mkaguzi hakuviona. Kwa Kimalayalam vipande hivyo viliitwa thundu. Mara nyingi mwanamke aliyeonekana kwenye kipande hakuwa yule wa kwenye bango.

Nyota wa filamu hizo walivuka mipaka ya lugha bila wao wenyewe kuongea lugha hizo. Silk Smitha alizaliwa kwenye familia ya Kitelugu, akaigiza Kitamil, Kimalayalam, Kikannada na Kihindi. Filamu yake ya Kimalayalam ya 1989, Layanam, ilitiwa sauti ya Kihindi na kupewa jina jipya, Reshma Ki Jawani, ikazunguka Kaskazini kana kwamba ilizaliwa huko. Shakeela, mzaliwa wa Madras, ndiye aliyetikisa kumbi za Kerala mwaka 2000 kwa filamu Kinnara Thumbikal, iliyotiwa sauti kwa lugha kadhaa. Kutia sauti ya mtu mwingine kulikuwa jambo la kawaida kwenye sinema za Kusini, hata kwa filamu za heshima. Lakini tazama kilichotokea kwenye filamu hizi: uso ni wa mwanamke mmoja, sauti ni ya wa pili, mwili wa kile kipande kilichopachikwa ni wa wa tatu. Sokoni wote watatu wakawa jina moja. Smitha alifariki Chennai mwaka 1996, akiwa na miaka 35. Shakeela alichapisha kumbukumbu za maisha yake mwaka 2013, na filamu kumhusu ikatoka 2020. Wa pili na wa tatu hawana filamu.

*

Kompyuta ilipofika, kwa muda ilirudisha kila kitu kwenye Kiingereza. Herufi za Kihindi na Kitamil zilikuwa zimeingizwa kwenye mfumo wa Unicode tangu 1991, lakini kwenye kompyuta ya saiba ya mwaka 2002 kuandika Kihindi kulikuwa shughuli: kila fonti na kanuni zake, ukiituma kwa mwenzako inafika kama vibox vitupu. Watu wakafanya kile ambacho sisi tunakifanya kila siku kwenye meseji. Waliandika lugha yao kwa herufi za Kirumi, tahajia kila mtu na yake. Hadithi za watu wazima za Kihindi, Kitamil na Kitelugu zilizunguka hivyo, zikiandikwa na wasomaji wenyewe. Bila mhariri na bila malipo, walikuwa wanaweka lugha zao kwenye intaneti kabla kampuni kubwa hazijaona sababu ya kufanya hivyo.

Ndipo Machi 2008 akaja Savita Bhabhi. Alikuwa mhusika wa katuni ya mtandaoni: mke wa nyumbani, sari, kitone kwenye paji la uso, rangi nyekundu kwenye mpasuo wa nywele, mkufu wa ndoa shingoni. Mume yuko kazini. Mchana ni mrefu. Bila shaka umeshamtambua. Ni yule mwanamke wa dirishani, sasa amepewa kalamu nyingine. Aliyemuunda alijiita Deshmukh. Baadaye alijulikana kuwa Puneet Agarwal, mfanyabiashara mwenye asili ya India aliyekuwa akiishi Uingereza.

Katuni ilitoka kwa Kiingereza na Kihindi, kisha Kitamil, Kibengali, Kimalayalam na lugha nyinginezo. Katuni ni rahisi kutafsiri: picha inabaki, unafuta maneno kwenye kiputo na kuandika mengine. Lakini hapa ndipo mimi, mtafsiri wa maandishi ya chini ya skrini, nilipoanza kuwahurumia wenzangu. Bhabhi utamwitaje huko Kusini? Kitelugu kina vadina, lakini neno hilo linaweza pia kumhusu binti mkubwa wa mjomba, na katika jamii nyingi za Kusini binti wa mjomba ni mtu unayeweza kumwoa. Utani wake una mipaka mingine. Kitamil kina anni, ambaye kwa wengi heshima yake inakaribia ya mama. Kimalayalam kingemwita mwanamke kama huyo chechi, dada mkubwa. Kimarathi kina vahini. Kila lugha ina ramani yake ya nani unataniana naye na nani unamwamkia ukiwa umeinamisha kichwa. Ukikosea ramani, hadithi inakufa, au inageuka tusi. Hiyo ndiyo kazi halisi ya kukileta kitu kikae kama kimezaliwa hapa. Maneno ni sehemu ndogo. Kubwa ni kujua ukoo.

Juni 2009 serikali ya India ikaizuia tovuti. Wapinzani wa uamuzi huo waliuliza swali la maana: mbona tovuti za kigeni, zenye watu halisi, zimeachwa wazi siku hiyohiyo, na anayefungwa ni mchoro? Jibu nadhani ni sari na mkufu. Mwanamke wa kigeni anayeongea Kiingereza alikuwa uchafu wa wengine. Savita alikuwa anaongea kama mtu wa nyumbani. Agarwal alijitokeza hadharani kupinga, kisha akaifunga kwa sababu ya shinikizo la familia yake. Ndiyo, familia. Baadaye mhusika alirudi kwa njia ya kulipia.

Kuna jambo jingine lililotokea miaka hiyohiyo ambalo silioni likiwekwa pamoja na hili, na kwangu ndilo zito zaidi. Mwaka 2007 majimbo kadhaa, yakiwemo Maharashtra, Karnataka na Madhya Pradesh, yalikataa mpango wa elimu ya ujana shuleni. Wanasiasa walisema picha na maneno ya vitabu hivyo hayafai watoto na hayaendani na utamaduni. Mwaka 2009 kamati ya bunge ikapendekeza elimu ya ngono isifundishwe shuleni. Weka tarehe hizo kwenye meza moja. Mwalimu mwenye kibali alikatazwa kutaja mwili kwa Kimarathi. Katuni ilikuwa tayari inautaja, bure, kwa lugha karibu kila kijana angeelewa. Mvulana wa miaka kumi na mitano aliyetaka kujua jambo alikuwa na mwalimu mmoja tu aliyebaki, na mwalimu huyo alikuwa anauza.

*

Halafu bei ikaporomoka. Septemba 2016 kampuni ya Jio iliingia sokoni na data ya bure kwa miezi ya mwanzo. Nchi nzima ikahamia kwenye video. Ripoti ya Google na KPMG ya 2017 ilikadiria kwamba mwaka 2016 watumiaji wa intaneti kwa lugha za Kihindi walikuwa milioni 234, dhidi ya milioni 175 wa Kiingereza. Kwa "lugha za Kihindi" hapo nina maana lugha zote za India. Sensa ya 2011 ilikuta watu takriban 260,000 tu waliotaja Kiingereza kuwa lugha yao ya kwanza. Wafanyabiashara walisoma takwimu za namna hiyo wakaelewa haraka kuliko wizara.

ALTBalaji ilizinduliwa 2017, na mwaka uliofuata ikatoa Gandii Baat, visa vya tamaa vilivyowekwa vijijini. Hoichoi, jukwaa la Kibengali, lilitoa Dupur Thakurpo mwaka 2017: kichwa hicho maana yake ni shemeji wa mchana, na hadithi inamhusu boudi na vijana wapangaji. Mbengali yeyote aliyesoma Tagore shuleni angesikia mwangwi na kucheka. Mwaka 2018 ikaja Ullu. Jina maana yake ni bundi, na kwa lugha ya mtaani, mjinga. Pwani yetu bundi akilia juu ya paa watu huulizana nani mgonjwa. Huko alikuwa nembo ya apu ya usiku, ada ndogo, vipindi vifupi, Kihindi kwanza kisha sauti za lugha nyingine zinapandikizwa.

Mwaka huohuo, Septemba 2018, Mahakama Kuu ya Uttarakhand iliagiza tovuti za ponografia zizuiwe, na mwezi uliofuata serikali ikaagiza kampuni za mtandao zifunge 827. Watu walitumia VPN, bila shaka. Lakini mlango wa kigeni ulipobanwa, apu za nyumbani zilikuwa zimeshafungua duka. Hazikuonyesha ngono halisi. Zilikaa kwenye ukingo wa sheria, na kilichobaki zilikiziba kwa lugha na ukoo. Mwaka 2020 Ullu ilitoa Kavita Bhabhi. Jina halikubadilika sana kutoka Savita. Kazi ya Kavita kwenye hadithi ni kupokea simu za wanaume na kuwasimulia visa. Anauza sauti. Nilipoisoma hiyo niliwakumbuka wanawake wa gali, ambao visa vyao havikuwa na mteja.

Mwaka huo pia, askari mstaafu mmoja huko Bihar alifungua mashtaka juu ya kipindi cha ALTBalaji. Shida yake kuu haikuwa uchi. Shida ilikuwa kwamba mwanamke wa kwenye hadithi alikuwa mke wa mwanajeshi. Kesi hiyo ilileta hati za kukamatwa kwa wakuu wa kampuni na kufika hadi Mahakama ya Juu mwaka 2022. Machi 2024 Wizara ya Habari na Utangazaji ilizuia majukwaa 18, na katika maelezo yake ikataja mazingira yasiyofaa kama mahusiano ya mwalimu na mwanafunzi, na ya ndani ya familia. Julai 2025 ikaagiza mengine 25 yafungwe, Ullu na ALTT, jina jipya la ALTBalaji, yakiwemo. Kutoka Battala mpaka bundi ni zaidi ya miaka 160, na kinachotia hofu ni kilekile: ni mke wa nani, na anaongea lugha gani.

Sisemi apu hizo zilikuwa mashujaa wa uhuru wa kusema. Vipindi vyake vingi vilikuwa vya kinyonge, mwanamke ndani yake ni mlango tu wa kijana kupitia, na neno la heshima lilichakazwa mpaka wanawake wa kawaida wakawa wanaitwa hivyo barabarani kwa sauti ya kejeli. Gharama hiyo ililipwa na bhabhi halisi, anayekwenda sokoni. Lakini kufunga duka hakurudishi maneno. Ukishazima bundi, na shuleni kimya, na nyimbo za gali zimeshaaibishwa, kijana wa Bihar atasema nini kwa daktari, kwa lugha gani?

Nauliza kwa sababu swali lilinirudia. Tamthilia yangu ilikuwa ya heshima kabisa, ya kutazama na mama. Ila katika sehemu ya kumi na tisa yule yule shemeji wa jikoni anakwenda hospitali. Amepoteza mimba, anatokwa na damu, daktari anamuuliza maumivu yako wapi hasa. Anajibu kwa neno moja. Kiingereza kilikuwa na neno la kitabibu, safi, halina shida. Mimi nilikaa na ile sentensi kuanzia saa tatu usiku hadi saa tano. Nilikuwa na neno la kitabu cha baiolojia ambalo hakuna mwanamke ningemsikia akilisema kitandani wodini. Nilikuwa na maneno ya mtaani, yote matusi. Nikampigia shangazi yangu, ambaye alikuwa nesi kwa miaka 30, nikamuuliza wagonjwa walikuwa wanasemaje. Akacheka kidogo, akanyamaza, akasema, "Wanasema huku chini, mwanangu. Halafu wanaonyesha kwa mkono."

Nikaandika "huku chini". Kazi ikapita.